Namna ya Kufuatilia Maisha ya Kazi ya Mwendesha Baiskeli wa Kulipwa wa Zama za Mwanzo

Anayetaka kuandika habari za mwendesha baiskeli wa kulipwa aliyeshindana kati ya miaka ya 1890 na Vita Kuu ya Kwanza ya Dunia kwa kawaida huanza na orodha ya mbio kubwa za barabarani, kwa kuwa ndizo zinazokumbukwa hadi leo: Paris–Roubaix, Bordeaux–Paris, Milano–San Remo, Tour de France. Akishaimaliza, huongeza aya moja mwishoni ya kusema kwamba mtu huyo alishindana pia viwanjani. Mpangilio huo unapotosha. Kwa mwanamichezo wa wakati ule, barabara na uwanja vilikuwa kazi moja yenye mahali pawili pa kufanyia: barabarani alijitafutia jina, na uwanjani aliliuza jina hilo. Watazamaji wa barabarani hawakulipa kitu, lakini uwanja wa baiskeli ulikuwa na mlango, na mlangoni palikuwa na mkata tiketi. Kwa hiyo mwenye uwanja alikuwa radhi kumlipa mshindi wa mbio kubwa ili jina lake lionekane tu kwenye tangazo la Jumapili.

Katika mwongozo huu naeleza jinsi ya kukusanya kumbukumbu za mtu wa namna hiyo, kuzisoma, kisha kuziandika bila kumkata vipande viwili. Nitamtumia zaidi Lucien Petit-Breton, Mfaransa aliyeshinda Tour de France mwaka 1907 na 1908, kwa sababu maisha yake yana karibu kila kikwazo ambacho mtafiti atakutana nacho kwa wengine.

Anza na jina

Kazi ya kwanza ni kujua mtu huyo aliitwa nani, na kazi hiyo haiishi kwa siku moja. Waendesha baiskeli wengi wa zama hizo walishindana kwa majina ya kubuni, ama kwa kuwaficha wazazi, ama kwa sababu jina la kubuni lilivutia zaidi kwenye matangazo. Petit-Breton alizaliwa akiitwa Lucien Georges Mazan, tarehe 18 Oktoba 1882, katika kijiji cha Plessé magharibi mwa Ufaransa. Alipokuwa bado mtoto familia yake ilihamia Argentina, na ni huko Buenos Aires alikojifunza mbio. Baba yake hakuutaka mchezo ule, akamtakia mwanawe kazi ya maana. Kijana akajiandikisha kwenye mashindano kwa jina la Lucien Breton. Aliporudi Ufaransa mwaka 1902 kwa ajili ya utumishi wa kijeshi, alikuta tayari yupo mwendesha baiskeli mwingine aitwaye Lucien Breton, ndipo likaongezwa neno la Kifaransa lenye maana ya mdogo, naye akawa Petit-Breton. Magazeti yalimwita pia Mwajentina.

Hapo tayari una majina matano ya kutafuta, yaani Mazan, Breton, Petit-Breton lenye kistari, Petit Breton lisilo na kistari, na lakabu. Yaandike yote katika ukurasa wa kwanza wa daftari lako, na kando ya kila moja weka miaka ambayo lilitumika. Usiruke hatua hii hata kama unaharakisha. Ukitafuta Petit-Breton peke yake, miaka yake yote ya Argentina itakupotea. Na ukitafuta Breton peke yake, unaweza kumpa ushindi wa mtu mwingine bila kujua. Tena ndugu zake wawili, Anselme na Paul, nao walishindana, kwa hiyo jina Mazan ukilikuta peke yake katika matokeo lisikufanye uamini mara moja kwamba ndiye.

Baada ya jina njoo kwenye cheti cha kuzaliwa. Nchini Ufaransa sajili za vizazi za karne ya 19 zimehifadhiwa na hifadhi za nyaraka za majimbo, na nyingi kati ya hizo zimepigwa picha na kuwekwa kwenye intaneti ambako mtu yeyote anaweza kuzisoma. Jambo la kukumbuka ni kwamba majina ya majimbo nayo yalibadilika. Plessé leo iko katika Loire-Atlantique, lakini hadi mwaka 1957 jimbo hilo liliitwa Loire-Inférieure, na hilo ndilo jina utakalolikuta katika nyaraka za wakati wake.

Umuhimu wa kufika kwenye sajili zenyewe unaonekana vizuri kwa Maurice Garin, mshindi wa Tour de France ya kwanza mwaka 1903. Garin alizaliwa Arvier, katika bonde la Aosta upande wa Italia, akafika Ufaransa akiwa mtoto na kufanya kazi ya kusafisha mabomba ya moshi. Kwa miaka mingi vitabu viliandika kwamba alipata uraia wa Ufaransa mwaka 1892, kila kimoja kikinakili kilichokitangulia, hadi ilipopatikana hati yenyewe iliyoonyesha mwaka 1901. Tofauti hiyo si ndogo: ushindi wake wa Paris–Roubaix wa mwaka 1897 na 1898 uliwekwa miaka yote hiyo kwenye hesabu ya Ufaransa, ilhali kisheria mshindi alikuwa bado Mwitaliano.

Tengeneza kalenda kabla ya kutafuta ushindi

Chukua daftari au jedwali la kompyuta, uligawe kwa miezi badala ya kuligawa kwa mashindano. Kila mwaka wa kazi uwe na nafasi kumi na mbili, na ndani ya kila nafasi uandike kila mahali mtu wako alipoonekana, ameshinda au ameshindwa, barabarani au uwanjani, bila kutenganisha. Hili ndilo shauri ninalolisisitiza kuliko mengine yote katika mwongozo huu. Jedwali la namna hiyo likianza kujaa, utaona mwaka wa kazi ukijitokeza wenyewe: majira ya kuchipua yana mbio ndefu za siku moja, Julai ina Tour de France kuanzia mwaka 1903, Agosti na Septemba zinajaa mikutano ya viwanjani, yaani siku za mashindano zenye kiingilio, na kipindi cha baridi kinahamia ndani ya ukumbi.

Chukua mfano wa Petit-Breton kati ya mwaka 1904 na 1908. Mwaka 1904 anashinda Bol d'Or, mbio za saa 24 za uwanjani. Mwaka 1905 anamaliza wa 5 katika Tour de France mwezi Julai, na tarehe 24 Agosti, majuma machache tu baadaye, anavunja rekodi ya dunia ya saa moja, yaani ya umbali mrefu zaidi ndani ya saa moja, katika uwanja wa Buffalo mjini Paris. Mwaka 1906 anakuwa wa 4 katika Tour na anashinda Paris–Tours. Mwezi Aprili 1907 anashinda Milano–San Remo ya kwanza kabisa, kisha Tour. Mwaka 1908 anashinda Tour tena na kuongeza Paris–Bruxelles. Anayeandika habari za barabarani peke yake ataanza mwaka 1905 na kumwona kama kijana aliyechipuka ghafla. Anayeandika kwa kalenda atamwona mtu ambaye, kabla barabara haijamjua, alikuwa amekwisha kuzunguka uwanja mchana kutwa na usiku kucha mbele ya watu waliolipa ili kumtazama.

Kusoma matokeo ya uwanjani

Hapa ndipo watafiti wengi hukwama, kwa sababu neno uwanja limebeba michezo ambayo haifanani. Mbio za kasi zilikuwa za umbali mfupi, washindani wawili au watatu kwa wakati mmoja, na zilichezwa kwa duru za mchujo, nusu fainali na fainali. Ukisoma kwamba fulani alikuwa wa pili, hakikisha kwanza kama alikuwa wa pili katika fainali au katika mchujo wa mchana ule. Muda katika mbio hizi haukuambii mengi, kwa kuwa washindani waliviziana polepole mizunguko ya mwanzo na kukimbia kwa nguvu zote mwishoni tu. Mashabiki walizipenda mno, hasa pambano la watu wawili. Mmarekani mweusi Major Taylor, aliyekuwa bingwa wa dunia wa mbio za kasi mwaka 1899 mjini Montreal, alipokwenda Ulaya mwaka 1901 alipambana na Mfaransa Edmond Jacquelin katika uwanja wa Parc des Princes mjini Paris mara mbili ndani ya mwezi wa Mei; akashindwa mara ya kwanza, akashinda mara ya pili. Mtafiti akitazama tarehe za mapambano hayo dhidi ya kalenda ataona kwamba hayakuangukia Jumapili, ingawa Jumapili ndiyo siku ambayo viwanja vilijaa. Taylor alikuwa mtu wa dini na alikataa kushindana siku hiyo, na wenye viwanja, kwa jinsi walivyomhitaji, walikubali. Tarehe peke yake imekupa sharti la mkataba ambao pengine hutauona kamwe.

Aina ya pili ni mbio za kutanguliwa, ambazo mshindani alikwenda nyuma ya mtangulizi aliyemkatia upepo. Mwanzoni watangulizi walikuwa waendesha baiskeli za watu wawili hadi watano au zaidi, baadaye wakawa waendesha pikipiki. Aina ya tatu ni majaribio ya mtu peke yake bila mtangulizi. Tofauti kati ya aina hizi mbili ni kubwa kiasi kwamba kuzichanganya kunaharibu kazi yote. Mwaka 1909 Paul Guignard alipita kilometa 100 ndani ya saa moja mjini Munich, akiwa nyuma ya pikipiki kubwa. Miaka minne kabla yake Petit-Breton alikwenda kilometa 41.110 akiwa peke yake. Zote mbili ziliandikwa kuwa rekodi za saa moja, na kila moja ni rekodi ya kweli katika aina yake. Katika magazeti ya Kifaransa tafuta maneno “sans entraîneurs”, yenye maana ya bila watangulizi. Usipoyaona, usidhani, soma habari yote hadi uone kama pametajwa mashine au watu waliokwenda mbele. Tahadhari hiyo hiyo itumike kwa Bol d'Or, ambayo kuna miaka iliyoruhusu watangulizi na miaka ambayo haikuruhusu, kwa hiyo umbali wa mshindi wa mwaka mmoja haulinganishwi na wa mwingine kabla ya kujua kanuni ya mwaka huo.

Ukipata tarakimu, ijaribu kwa hesabu. Uwanja wa Buffalo ulikuwa na mzunguko wa mita 333.33, yaani mizunguko mitatu kwa kilometa. Kilometa 41.110 ni mizunguko 123 kamili, ambayo ni mita 41,000, kisha mita 110 za mzunguko wa 124, karibu theluthi yake. Gawanya sekunde 3,600 kwa mizunguko hiyo, utapata takribani sekunde 29.2 kwa kila mzunguko, tena na tena, kwa saa nzima, kwenye baiskeli isiyo na breki wala gia za kubadilisha. Rekodi aliyoivunja ilikuwa kilometa 40.781, iliyowekwa na Mmarekani Willie Hamilton mwaka 1898 kule Colorado. Tofauti ni mita 329, pungufu kidogo ya mzunguko mmoja wa Buffalo. Ukimweleza msomaji kwamba kazi ya saa nzima ilizaa faida isiyotimia mzunguko mmoja, atauona uwanja ule kwa macho yake kuliko ukimwandikia tarakimu tupu. Rekodi ya Petit-Breton ilidumu hadi Juni 1907, Marcel Berthet alipofika kilometa 41.520, na baada ya hapo Berthet na Mswisi Oscar Egg wakanyang'anyana hadi Egg alipofikisha kilometa 44.247 mwaka 1914.

Viwanja navyo vinahitaji ukurasa wao katika daftari. Buffalo ya Petit-Breton ilikuwa Neuilly, kando ya Porte Maillot, ikapata jina hilo kwa sababu Buffalo Bill alikuwa amefanyia maonyesho yake mahali hapo. Ilibomolewa wakati wa Vita Kuu ya Kwanza. Buffalo nyingine ilijengwa Montrouge baada ya vita. Ukiona picha yenye jina Buffalo na mwaka haukuandikwa, usiitumie mpaka umejua ni ipi. Vivyo hivyo uwanja wa ndani wa kipindi cha baridi mjini Paris: wa kwanza ulikuwa katika jumba kubwa la mashine lililoachwa na maonyesho ya dunia, na baada ya jumba hilo kuvunjwa ukafunguliwa mwingine mwaka 1910 katika mtaa wa Nélaton, wenye mzunguko wa mita 250. Parc des Princes ya mwaka 1897 ilikuwa na mzunguko wa mita 666, mara mbili ya Buffalo, na mizunguko yake mipana ilifaa sana mbio za kutanguliwa na pikipiki.

Mbio za siku sita nazitaja kwa kifupi, kwa kuwa zina historia yake. Jambo la lazima kujua ni kwamba mjini New York sheria ya mwaka 1898 ilimkataza mshindani kuwa uwanjani zaidi ya saa 12 kwa siku, na kutokana na hilo zikazaliwa timu za watu wawili wanaopokezana. Matokeo ya kabla ya hapo ni ya mtu mmoja. Ya baada ya hapo ni ya jozi, na jina la mwenzake lazima liandikwe.

Kusoma matokeo ya barabarani

Matokeo ya barabarani yanaonekana rahisi lakini yana mitego yake. Mtego wa kwanza ni namna ya kupanga washindi. Kuanzia mwaka 1905 hadi 1912 Tour de France iliamuliwa kwa pointi zilizofuata nafasi ya kila hatua, yaani kila kipande cha mbio, badala ya kujumlisha muda. Mwenye pointi chache ndiye mshindi. Mwaka 1907 Petit-Breton alimaliza na pointi 47, Gustave Garrigou 66, na Émile Georget 74, katika hatua 14. Mwaka 1908, pia hatua 14, alimaliza na pointi 36 dhidi ya 68 za François Faber, na alishinda hatua tano. Usijaribu kuzigeuza pointi hizo kuwa dakika. Mshindani aliyepigwa kwa saa nzima na aliyepigwa kwa urefu wa gurudumu walilipa gharama ile ile ya nafasi moja, na waendeshaji walipanga nguvu zao kwa kuzingatia hivyo.

Mtego wa pili ni adhabu. Georget aliongoza mbio za mwaka 1907 kwa muda mrefu, kisha akaadhibiwa kwa kubadilisha baiskeli kinyume cha kanuni, na hapo ndipo Petit-Breton alipopita mbele. Kanuni yenyewe inahitaji maelezo, kwa sababu msomaji wa leo amezoea kuona gari la timu likiwa na baiskeli kumi juu yake. Mwaka ule walikuwapo washindani ambao fremu zao zilipigwa mhuri mwanzoni, nao walipaswa kumaliza mbio zote kwa fremu ile ile na kutengeneza kilichoharibika kwa mikono yao wenyewe. Petit-Breton aliingia katika kundi hilo na akashinda Tour nzima akiwa humo. Ukiliacha jambo hili, utakuwa umeandika ushindi wa mwaka 1907 kama ushindi wa bahati baada ya mwenzake kuadhibiwa. Ukiliandika, msomaji ataelewa kwamba mshindi ndiye aliyejifunga na kanuni ngumu zaidi.

Mtego wa tatu ni matokeo yaliyofutwa. Mwaka 1904 wanne wa kwanza wa Tour de France, Garin akiwa mmojawapo, waliondolewa miezi kadhaa baada ya mbio kwisha, na ushindi akapewa kijana Henri Cornet. Gazeti la Julai 1904 litakuambia Garin ameshinda, na halikusema uongo. Liliandika kilichojulikana siku ile. Kwa hiyo kila matokeo makubwa yasomwe mara mbili, asubuhi ya pili yake na tena mwisho wa mwaka. Katika Milano–San Remo ya mwaka 1907 hali ilikuwa ya papo kwa papo: Giovanni Gerbi alimzuia Garrigou katika kasi ya mwisho, Petit-Breton akapita kushinda, na waamuzi wakamshusha Gerbi hadi nafasi ya tatu. Andika mpangilio wa mwisho, lakini usifiche jinsi ulivyopatikana.

Mwajiri na fedha

Gerbi alimsaidia Petit-Breton kwa sababu siku ile wote wawili walikuwa wakiendesha kwa ajili ya kampuni ya Bianchi ya Italia, ilhali karibu miezi minne baadaye Petit-Breton alishinda Tour akiwa mtu wa kampuni ya Peugeot ya Ufaransa. Mtu mmoja aliweza kuwa na waajiri wawili katika mwaka mmoja, kila mmoja kwa nchi yake, na haikuhesabiwa kuwa usaliti. Kwa hiyo katika jedwali lako safu ya mwajiri ijazwe kwa kila mbio peke yake, usiijaze mara moja kwa mwaka mzima.

Ushahidi bora wa mwajiri ni tangazo. Baada ya ushindi kampuni ililipia nafasi kubwa gazetini, na humo ikataja jina la mshindi, aina ya baiskeli, na mara nyingi aina ya matairi na hata mnyororo. Habari ya mwandishi inaweza kukosea, lakini kampuni iliyolipia tangazo haikukosea kutaja bidhaa yake. Tatizo ni kwamba watafiti wengi wakifika kwenye matangazo huruka ukurasa, wewe usiruke.

Kuhusu fedha, andika zile tu ambazo kanuni au gazeti limezitaja, na uziache katika faranga zake. Garin alipokea faranga 3,000 kwa kushinda Tour ya mwaka 1903, na pamoja na zawadi za hatua jumla yake ikafika faranga 6,075. Ili msomaji apate kipimo, mwambie kwamba katika mbio hizo hizo waandaaji waliahidi posho ya faranga 5 kwa siku ili kuwavuta washiriki wasio na majina. Kulinganisha ndani ya mbio ile ile kunaeleza zaidi kuliko kubadilisha kuwa fedha za leo, ubadilishaji ambao kila anayeufanya anapata jibu lake.

Ujira wa viwanjani ni mgumu zaidi kuupata kwa kuwa mikataba mingi haikuhifadhiwa. Hata hivyo unaweza kuipima thamani ya mtu kwa kuhesabu. Katika magazeti tafuta neno “engagé” karibu na jina lake, maana yake ameshafungwa kwa mkataba kuonekana mahali fulani, kisha hesabu mikutano aliyotangazwa katika majuma sita kabla ya ushindi mkubwa na majuma sita baada yake. Hesabu hiyo itakuonyesha jinsi soko lilivyomthamini. Ninaipenda njia hii kwa sababu inakutoa katika kubahatisha, na kwa sababu inarudisha barabara na uwanja katika sentensi moja.

Magazeti na wenye magazeti

Nyenzo kuu ya kazi hii ni magazeti ya michezo, na mengi ya Ufaransa yanapatikana bure katika Gallica, maktaba ya kidijitali ya maktaba ya taifa ya nchi hiyo. L'Auto, lililoanza Oktoba 1900 kwa jina la L'Auto-Vélo na kuchapishwa kwenye karatasi ya njano, ndilo lililoanzisha Tour de France. Mshindani wake Le Vélo, la karatasi ya kijani, lilikufa mwaka 1904. Kwa Italia kuna La Gazzetta dello Sport, lililoandaa Milano–San Remo. Soma habari moja katika magazeti mawili yenye uhasama kila inapowezekana, kwa kuwa gazeti lililoandaa mbio lilikuwa pia linaziuza: kila mlima uliongezewa urefu na kila mshindi akafanywa shujaa.

Mfahamu pia Henri Desgrange, mhariri wa L'Auto. Mwaka 1893 aliweka katika Buffalo rekodi ya kwanza ya saa moja inayotambuliwa, kilometa 35.325, baadaye akaongoza Parc des Princes, kisha akaandaa Tour, ambayo kwa miaka mingi ilimalizikia uwanjani humo humo. Mtu huyo huyo aliandika habari, akaweka kanuni, akatoa adhabu, na akawa na sauti katika uwanja ambao mshindi angekwenda kulipwa. Ukisoma sifa au lawama iliyotoka kalamuni mwake, jiulize kwanza juma lile palikuwa na mkutano gani wa kuuza tiketi.

Usitegemee sana utafutaji wa kompyuta katika magazeti haya. Wino uliovuja na herufi zilizofutika huifanya mashine isome Breton kuwa neno lingine kabisa. Ukishajua tarehe ya mbio, fungua gazeti la siku hiyo na la siku mbili zinazofuata, usome kurasa zote kwa macho. Ni kazi ya kuchosha, na ndiyo inayoleta yale ambayo hayamo vitabuni.

Miaka ya mwisho

Baada ya mwaka 1908 Petit-Breton hakumaliza tena Tour de France hata mara moja, ingawa aliendelea kuiingia, na mwaka 1911 alishinda hatua katika Giro d'Italia, mbio za hatua za kuzunguka Italia. Miaka kama hii ndiyo waandishi huipita kwa sentensi moja ya huzuni. Usiipite. Mtu ambaye hamalizi mbio kubwa lakini bado anatangazwa viwanjani bado anakula kwa kazi yake, na jedwali la miezi litakuonyesha kama alikuwa hivyo au alikuwa ameanza kuachwa. Weka kwa kila mwaka orodha ya mikutano aliyoalikwa, na uiache iseme.

Kisha ikaja vita. Washindi watatu wa Tour walikufa humo: Faber mwezi Mei 1915 akiwa katika Jeshi la Kigeni la Ufaransa, Octave Lapize mwezi Julai 1917 akiwa rubani, na Petit-Breton tarehe 20 Desemba 1917 katika ajali ya gari karibu na Troyes, akiwa katika utumishi wa jeshi. Kwa Wafaransa waliofia vitani serikali imeweka kadi zao kwenye tovuti ya Mémoire des hommes, na rejesta za kuandikishwa jeshini zimo katika hifadhi za majimbo, nazo hutoa urefu wa mtu, kazi yake na makazi yake kadiri alivyohama. Unapokwenda kumtafuta humo, fungua tena ukurasa wa kwanza wa daftari lako: jeshi halikumjua bingwa wa Buffalo wala mshindi wa Tour mbili, na jina la kuandika kwenye kisanduku cha kutafutia ni Mazan.